Wimbo huu ni wa mwaka gani? Kuandika historia ya muziki wa dansi kutoka kwenye kaseti za babu

Swali: Babu yangu ameniachia kaseti 43 na santuri tisa, nyingi za bendi za zamani za hapa Dar es Salaam. Nataka kuandika historia ya muziki wa dansi nikianzia na mkusanyiko huu. Kinachonitatiza ni miaka. Kaseti moja babu ameiandika kwa kalamu "Sikinde 1976". Mzee jirani yetu anasema nyimbo zile ni za 1981, na redioni nimemsikia mtangazaji akisema 1979. Nimwamini nani, na nianzie wapi? (Msomaji, Mtoni kwa Azizi Ali, Temeke)

Jibu: Pole kwa msiba, na asante kwa kutozitupa kaseti hizo. Nyingi za aina yake zimeishia jalalani siku ya kugawana vitu vya marehemu.

Tuanze na kaseti yenyewe, kwa sababu ndani yake mna karibu kila kitu utakachohitaji kujua. Mlimani Park Orchestra, bendi iliyolipa jina la Sikinde umaarufu katika dansi, ilianzishwa mwaka 1978. Kwa hiyo bendi hiyo haiwezi kuwa imerekodi chochote mwaka 1976. Hata hivyo usikate maandishi ya babu, wala usiyasahihishe. Huenda aliandika jalada miaka mingi baada ya kurekodi, akakisia. Huenda sauti aliyoikumbuka ni ya mwimbaji ambaye mwaka 1976 alikuwa bendi nyingine: Muhidin Maalim Gurumo, kwa mfano, alikuwa NUTA Jazz, bendi ya chama cha wafanyakazi, kabla ya kwenda Mlimani Park. Na iko njia ya tatu ambayo watu wengi huisahau. Sikinde ni ngoma ya Wazaramo tangu kabla haijawa mtindo wa bendi, ndiyo maana wapenzi wa bendi hiyo huiita "Sikinde ngoma ya ukae". Ikiwa babu alirekodi ngoma kwenye sherehe ya jirani, mwaka wake unaweza kuwa sahihi kabisa, na utakuwa na kitu adimu kuliko rekodi yoyote ya bendi. Kabla ya kubishana juu ya mwaka, sikiliza kwanza kama ndani mna magitaa au mna ngoma tupu.

Sasa kuhusu mzee jirani na mtangazaji. Inawezekana wote wawili wako sahihi. Wimbo mmoja wa dansi una miaka minne, na watu wanaobishana mara nyingi kila mmoja anataja mwaka wake. Kuna mwaka wa kutungwa na kufanyiwa mazoezi. Kuna mwaka wa kupigwa ukumbini, ambao ndio wenye kumbukumbu ya watu waliocheza. Kuna mwaka wa kurekodiwa, kwa sehemu kubwa ya enzi hiyo katika studio za Radio Tanzania Dar es Salaam, barabara ya Pugu ya zamani. Na kuna mwaka wa kutoka kwenye sahani, yaani santuri, kama ulitoka, kwa maana nyimbo nyingi hazikufika huko kamwe. Tanzania Bara haikuwa na kiwanda cha kufyatua sahani. Kazi hiyo ilifanyika Nairobi. Wimbo ungeweza kuchezwa Kariakoo mwaka mzima kabla ya kuingia studio, na sahani ikaja baadaye sana, au ikatolewa upya mtunzi akiwa amekwisha kufariki.

Kwa hiyo katika daftari lako usiwe na safu moja iliyoandikwa "mwaka". Weka safu nne: kutungwa, ukumbini, kurekodiwa, sahani. Mbele ya kila mwaka andika nani kasema au umeuona wapi. Mwaka wenye chanzo kimoja uandike kwa penseli. Mwaka wenye vyanzo viwili ambavyo havikuambizana ndio uandike kwa wino. Maneno "havikuambizana" ni muhimu kuliko yanavyoonekana. Vipindi vya zilipendwa vimekuwa hewani kwa miongo mingi. Mtangazaji akikosea mwaka mara moja, wazee kumi mitaani wataurudia kwa imani kama kumbukumbu yao wenyewe. Ukihesabu wazee kumi kuwa ni vyanzo kumi, umehesabu kosa moja mara kumi.

Njia ya uhakika zaidi ya kuutega mwaka ni kufuata watu badala ya bendi. Wanamuziki wa dansi walihama sana, na kuhama kwao kuliandikwa magazetini kama kuhama kwa wachezaji mpira. Chukua mfano wa Gurumo tena. NUTA Jazz ilianza 1964 naye akiwemo. Mwaka 1978 akaenda Mlimani Park. Mwaka 1985 akaondoka na wenzake kuunda International Orchestra Safari Sound, iliyokuja na mtindo wa Ndekule, kisha baadaye akarejea Msondo, yaani NUTA Jazz ya zamani, na alifariki Aprili 2014. Ukisikia sauti yake ndani ya wimbo wa Mlimani Park, basi rekodi hiyo imebanwa kati ya 1978 na 1985 hata kama hakuna aliyekuambia neno. Mfano mwingine ni Mbaraka Mwinshehe. Alikuwa Morogoro Jazz hadi 1973, akaondoka na kuunda Super Volcano, na akafariki kwa ajali ya gari huko Kenya Januari 1979. Santuri iliyoandikwa Super Volcano yenye gitaa lake ilirekodiwa ndani ya miaka hiyo sita, lakini sahani yenyewe uliyoishika inaweza kuwa ya baadaye, maana ziliendelea kutolewa. Remmy Ongala naye alifika Dar es Salaam 1978 kujiunga na Orchestra Makassy. Hakuna haja ya kumtafuta katika rekodi za hapa kabla ya hapo.

Fungua basi ukurasa mmoja kwa kila mwanamuziki. Andika bendi aliyotoka, aliyokwenda, na kazi yake: mwimbaji, gitaa la solo, rizimu, besi, tumba, drams, saksafoni, tarumbeta. Ukifikisha kurasa thelathini utaanza kuona kitu ambacho orodha ya bendi haiwezi kukuonyesha: kwamba "bendi mpya" mara nyingi ni watu saba wa bendi ya zamani walioondoka usiku mmoja, na kwamba mtindo ulihama nao. Michael Enoch, aliyejulikana kama King Enock, ni mtu wa kumfuatilia hivyo tangu Dar es Salaam Jazz hadi Mlimani Park; mkono wake umegusa miongo kadhaa ya muziki wa mji huu.

Ufunguo wa pili ni majina ya wenye vyombo. Hapa ndipo historia yetu inapotofautiana na ya majirani. Baada ya uhuru, bendi nyingi zilimilikiwa na taasisi: chama cha wafanyakazi, jeshi, polisi, magereza, kiwanda cha Urafiki, shirika la bima, shirika la usafiri, umoja wa vijana. Wanamuziki walikuwa waajiriwa wenye mshahara, na magitaa yalikuwa mali ya mwajiri. Taasisi ilipobadili jina, bendi ikabadili. NUTA Jazz ikawa JUWATA Jazz chama cha wafanyakazi kilipoundwa upya mwishoni mwa miaka ya 1970, ikawa OTTU Jazz baada ya 1991, na leo inaitwa Msondo Ngoma. Watu wanaweza kuwa wale wale, mtindo ule ule wa Msondo, lakini jina lililoandikwa kwenye jalada linakupa dirisha la miaka. Mlimani Park nayo ilianza chini ya shirika la usafiri na teksi, ndipo mwanzoni mwa miaka ya 1980 ikachukuliwa na Shirika la Maendeleo la Dar es Salaam. Herufi DDC mbele ya jina zinatoka hapo.

Faida nyingine ya mwajiri ni makaratasi. Mahali palipo na mshahara pana orodha ya mishahara, barua za ajira, kumbukumbu za vikao vilivyojadili kununua ampulifaya. Mafaili hayo, yale yaliyosalimika, hayajasomwa na watu wengi. Ukipata nafasi ya kufungua hata moja, umepata zaidi ya mahojiano ishirini.

Ufunguo wa tatu ni maneno ya wimbo. Bendi za taasisi zilitarajiwa kuimba mambo ya taifa, na mambo ya taifa yana tarehe. Wimbo unaoitaja Tanzania hauwezi kuwa wa kabla ya Oktoba 1964, jina lilipoanza kutumika. Wanaosifu Azimio la Arusha wanaimba baada ya tarehe 5 Februari 1967. TANU ikitajwa kama chama kilicho hai, uko kabla ya 5 Februari 1977. CCM ikitajwa, uko baada yake. Nyimbo za vita vya Kagera ni za 1978 na 1979, na maombolezo ya Sokoine hayatangulii 12 Aprili 1984. Ukisikia Zaire, ujue ni kati ya 1971 na 1997. Lakini njia hii ina mtego wake. Matukio hukupa mwaka ambao wimbo hauwezi kuutangulia. Hayakuambii ni lini uliimbwa baada ya hapo. Maombolezo yanaweza kuimbwa upya kwenye kumbukumbu ya miaka kumi.

Andika maneno ya wimbo kama yanavyoimbwa, usiyanyooshe. Mwimbaji akisema neno la Kizaramo, la Kimanyema au la Kilingala, liache na uweke alama. Mashairi mengi ya dansi yalipitia macho ya wakaguzi redioni kabla ya kurekodiwa, kwa hiyo yanayomsema bosi, mume mwenye ukoo au mkubwa fulani yamefungwa katika fumbo. Ukilisahihisha neno moja, huenda umelitupa fumbo lenyewe.

Unaposikiliza, tumia saa. Chora mstari wa dakika, uandike kila kinachoingia: gitaa la utangulizi sekunde ya 0, tarumbeta sekunde ya 18, ubeti wa kwanza sekunde ya 40, na kadhalika. Nyimbo nyingi za miaka ya 1970 na 1980 zina sehemu mbili: mwanzo wa mwendo wa taratibu wenye mashairi, kisha chemko, pale mwendo unapokaza, magitaa yanapojibizana na waimbaji wanapobaki na kiitikio kifupi. Andika dakika ambayo chemko linaanza. Kwenye sahani ya inchi 7, upande mmoja hauwezi kubeba zaidi ya dakika nne au tano kwa sauti nzuri, kwa hiyo wimbo ulikatwa sehemu ya kwanza upande A na ya pili upande B, mara nyingi pale chemko linapoanza. Utepe wa redio haukuwa na mkato huo. Ukiwa na wimbo ule ule kwa urefu tofauti, usidhani mmoja umeharibika. Huenda ni rekodi mbili za siku mbili tofauti. Linganisha kosa dogo la mpigaji. Bendi ilipiga yote kwa pamoja mbele ya maikrofoni, kwa hiyo solo haiwezi kufanana mara mbili. Kosa likiwa lile lile mahali pale pale, rekodi ni moja.

Kuhusu mahali pa kuanzia historia, nina ombi. Usianze na 1961 kana kwamba muziki ulizaliwa na bendera. Dansi ya mjini ilitanguliwa na beni, ngoma iliyoiga bendi za kijeshi, yenye vyama vya ushindani vya Marini na Arinoti vilivyosambaa na askari na makarani hadi bara. Dar es Salaam Jazz Band ilianzishwa 1932. Neno "jazz" katika majina hayo halina uhusiano mkubwa na muziki wa Wamarekani weusi. Lilimaanisha bendi ya kisasa ya kucheza wawili wawili. Kilichowafundisha wapigaji wetu zaidi ni santuri za Cuba za mfululizo wa GV zilizoanza kuuzwa Afrika miaka ya 1930, na Salum Abdallah wa Morogoro alipoiita bendi yake Cuban Marimba hakuchagua jina hilo kwa bahati. Muziki wa Kongo ukaingia juu ya msingi uliokwisha kuwepo. Anayeandika kwamba dansi yetu ni rumba ya Kongo iliyotafsiriwa Kiswahili hajazisikiliza santuri za miaka ya 1950.

Na usiiite dansi "muziki wa taifa" peke yake. Siti binti Saad, mwimbaji wa taarab, alikwenda Bombay kurekodi mwaka 1928, na Nadi Ikhwan Safaa ya Zanzibar ilianzishwa 1905. Taarab ilikuwa na sahani na vyama wakati dansi ya Dar inaanza. Mchiriku na singeli za uswahilini zimetoka kwenye ngoma zile zile za Wazaramo zilizozipa bendi majina ya mitindo. Huhitaji kuyaandika yote, lakini sentensi zako zisiyafute.

Ukumbuke pia kwamba sauti za nchi hii zimekusanywa na watafiti wa kigeni tangu zamani. Karl Weule alibeba fonografu kusini mwa Tanganyika mwaka 1906. Erich von Hornbostel aliandika juu ya nyimbo za Wanyamwezi mwaka 1909 akiwa Berlin. Hugh Tracey alipita Tanganyika akirekodi mwaka 1950, na rekodi zake zimehifadhiwa katika maktaba ya muziki wa Afrika ya chuo kikuu cha Rhodes, Afrika Kusini. Wote walitafuta zaidi muziki wa vijijini. Ndiyo maana pengo la kumbukumbu ni kubwa hasa hapa Ilala, Temeke na Kinondoni, na ndiyo maana kaseti za babu yako zina thamani ambayo rekodi za watafiti wale haziwezi kuchukua nafasi yake.

Ukienda kuhoji wazee, swali baya kuliko yote ni "ilikuwa mwaka gani?" Mtu huulizwa mwaka, hujisikia yuko kwenye mtihani, hutaja tarakimu. Uliza: ulikuwa umeshaoa? Mtoto wa kwanza alikuwa amezaliwa? Ulikuwa unakaa wapi, na ulikwenda ukumbini kwa basi gani? Nani alikuwa kwenye solo siku hiyo? Kiingilio kilikuwa kiasi gani? Mwaka utauhesabu wewe nyumbani. Mpigie wimbo bila kutaja jina lake wala bendi, umwache asikilize hadi mwisho, ndipo umuulize ni akina nani. Akikosea mwimbaji, usimkatize, andika. Kosa lake linaweza kukuonyesha kwamba bendi mbili ziliuimba wimbo mmoja.

Nenda baada ya alasiri, dakika 60 hadi 90 zinatosha, kisha rudi siku nyingine. Baada ya shikamoo na kujitambulisha wewe ni wa ukoo gani na umeelekezwa na nani, omba ruhusa ya kurekodi na uirekodi ruhusa yenyewe, pamoja na jina lake, mahali na tarehe. Weka kinasa sauti kati ya sentimita 30 na 40 kutoka mdomoni, juu ya kitambaa kilichokunjwa na si juu ya meza tupu, na uombe feni izimwe. Mvumo wa feni ndio unaoharibu mahojiano mengi ya mji huu kuliko bodaboda. Rudisha nakala ya mahojiano kwa mzee. Na usiwahoji waliopiga peke yao. Akina mama waliokuwa wakienda Amana, DDC Kariakoo au Lang'ata kila wikiendi wanakumbuka nguo, nyimbo na ugomvi wa wapenzi wa Msondo na Sikinde kwa usahihi ambao mpiga besi, aliyekuwa akiangalia vidole vyake, hana.

Baada ya hapo nenda kwenye magazeti. Matangazo ya dansi yalichapwa kuelekea mwisho wa wiki, kwa hiyo anza na matoleo ya Ijumaa na Jumamosi badala ya kufungua kila siku. Ngurumo linafaa hadi katikati ya miaka ya 1970, Uhuru kwa kipindi chote, na Mzalendo kwa makala ndefu za Jumapili. Utayatafuta Maktaba Kuu ya Taifa, Nyaraka za Taifa Upanga, na katika mkusanyiko wa Afrika Mashariki wa maktaba ya Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Beba barua ya utambulisho na penseli. Tangazo linakupa kitu ambacho hakuna mzee atakayekumbuka: tarehe kamili, ukumbi, bendi, na mara nyingine jina la wimbo unaozinduliwa. Angalizo moja tu: tangazo huthibitisha kwamba onyesho lilipangwa, halithibitishi kwamba lilifanyika.

Sasa kaseti zenyewe. Fanya kazi hii kabla ya mambo mengine yote, kwa sababu joto na unyevu wa Dar havisubiri utafiti wako.

Zitazame moja moja kwenye mwanga. Yenye vumbi jeupe kama unga kwenye utepe ina ukungu: itenge kwenye mfuko wake, usiipige, maana itaambukiza mashine na kaseti zinazofuata. Zilizo safi, vunja vijino viwili vya nyuma ili mtu asirekodi juu yake kwa bahati mbaya. Angalia kipande kidogo cha sponji katikati ya mdomo wa kaseti. Kikiwa kimebanduka, sauti itafifia na kupotea nyuzi za juu, na watu hudhani rekodi ni mbovu. Ikibidi, hamishia utepe kwenye ganda jipya lenye skrubu. Kaseti za dakika 90 zishike kwa uangalifu zaidi kuliko za 60, kwa sababu utepe wake ni mwembamba, kama mikroni 12 dhidi ya 18, na hujizungusha kwenye roda ya mpira, ile inayouvuta utepe ndani ya mashine, kwa urahisi.

Kabla ya kupiga, zungusha kaseti nzima mbele na nyuma mara moja ili tabaka zilizogandana ziachane. Safisha kichwa cha mashine kwa isopropili ya asilimia 90 au zaidi na pamba ya kijiti, usubiri dakika tano ikauke. Roda ya mpira isafishe kwa kitambaa chenye maji kidogo, kwa sababu spiriti hukausha mpira. Sanitaiza ya mikono haifai kabisa. Ina maji na vitu vya kulainisha ngozi. Kisha kuna skrubu ndogo pembeni ya kichwa, inayokilaza au kukisimamisha. Kila mashine iliyorekodi kaseti ilikuwa na mkao wake. Igeuze skrubu hiyo kidogo kidogo huku ukisikiliza sauti za chaneli mbili zikiwa zimeunganishwa kuwa moja, na uiache pale ambapo herufi "s" za mwimbaji na vyuma vya drams vinasikika kali kuliko kwingine. Fanya hivyo kwa kila kaseti. Ni dakika mbili za kazi, na hakuna programu ya kompyuta itakayorudisha kilichopotea hapo.

Usirekodi kwa simu iliyowekwa mbele ya spika. Toa waya kwenye tundu la kutolea sauti la mashine hadi kwenye saundkadi ya nje ya kompyuta, hifadhi WAV ya biti 24 na kilohezi 48, na acha kilele cha sauti kiwe kati ya desibeli 6 na 10 chini ya kikomo. Saa moja ya stereo kwa kiwango hicho ni kama gigabaiti 1, kwa hiyo kaseti zako 43, zikiwa za dakika 60, zitachukua karibu gigabaiti 45. Diski ndogo inatosha. Weka nakala tatu, moja ikae nyumba nyingine. Kazi yenyewe panga saa mbili kwa kila kaseti. Mvumo wa utepe usiuondoe kwenye nakala mama. Wala usikate sauti ya mtangazaji kabla na baada ya wimbo: akisema jina la kituo, saa, salamu za wasikilizaji au habari ya siku, amekupa tarehe bure. Ukisikia tangazo la kituo binafsi cha redio, kwa mfano, kaseti hiyo ni ya miaka ya 1990 kuendelea, hata kama wimbo ni wa 1968.

Chunga kasi. Mashine yenye mkanda uliolegea hukimbia au huburuta, na tofauti ya asilimia 6 tu hupandisha au kushusha wimbo kwa nusu toni nzima. Hapo ndipo watu huapa kwamba mwimbaji si yule. Gitaa huweza kukazwa popote, lakini saksafoni ina sauti zake. Linganisha saksafoni na kifaa cha kupimia toni kwenye simu. Ikikaa katikati ya noti mbili tangu mwanzo hadi mwisho, kasi ndiyo yenye kosa.

Santuri tisa zitenge kwa uzito. Nzito, zinazovunjika kama sahani ya udongo, ni za mizunguko 78 kwa dakika. Hizo usizipanguse kwa spiriti hata tone, maana inayeyusha. Zinahitaji sindano pana, kama mikroni 76. Sindano ya sahani za 45 ina upana wa takribani theluthi ya hapo, itazama chini ya mfereji na kukupa makelele. Nyepesi za inchi 7 osha kwa maji yaliyochemshwa yakapozwa na tone la sabuni laini, bila kulowesha karatasi ya katikati. Kisha soma namba iliyochorwa kwenye plastiki karibu na karatasi hiyo, uiandike kama ilivyo. Namba za kampuni moja hufuatana, kwa hiyo sahani mbili zenye mwaka unaojulikana zinaweza kuibana ya tatu iliyo katikati yake.

Mwisho, kabla ya kupandisha chochote mtandaoni: kumiliki kaseti si kumiliki wimbo. Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki Namba 7 ya 1999 ilimpa mtunzi haki maisha yake yote na miaka 50 baada ya kifo chake, na watoto wa wanamuziki wengi wa enzi hiyo tunaishi nao mitaa hii hii. Watafute uwaombe. Mara nyingi wao ndio wenye picha, barua ya ajira na daftari la mashairi.

Kaseti ya "Sikinde 1976" ianze kesho asubuhi, kabla jua halijapasha chumba. Piga picha ya mwandiko wa babu, pande zote mbili, ndipo uifungue.